Nakala ya Saba

Fundi wa kanda za video alijigamba kwamba hachakazi kanda ya mtu. Akiagizwa nakala, alirekodi kutoka nakala ya mwisho, ili kanda ya kwanza ipumzike kabatini. Na kila nakala aliichomekea tangazo lake, kwa maandishi na kwa sauti.

Siku moja mshonaji alirudisha nakala ya saba ya harusi yake. Hakuwa na haja ya kumwona mumewe, maana yuko nyumbani anakoroma. Alimtaka marehemu mama yake, ambaye sauti yake haikubaki popote pengine.

"Fundi, mtazame mama. Uso umefutika kama ubao wa shule."

"Uzee wa kanda huo, dada yangu."

"Mbona jina lako halizeeki?"

Fundi akacheka, akabonyeza. Kwenye kioo cha televisheni, mama asiye na uso aliinua mikono kumbariki bintiye, na sauti saba za fundi zikamtoka kwa pamoja: "Picha safi, sauti safi, karibuni!"

"Nipe ile ya kwanza," mshonaji akasema.

Kanda ilitoka kabatini haina hata vumbi. Ilipochezwa, ndani yake alikuwemo fundi peke yake, akichana nywele na kufanya mazoezi ya tangazo.

"Ilikuwa imekaa bure tu, dada."

"Mama alisema, 'Nenda kwa amani, mwanangu.' Haya, nibariki wewe, bingwa wa sauti safi."