Adui Aliyeitwa Tluway

Tluway aliuawa mara nyingi mwaka ule, na kila alipouawa kibanda kizima kilishangilia. Mwenyewe hakuwahi kukiona hata kifo kimoja. Alizisikia tu zile shangwe akiwa kwake ng'ambo ya korongo, upande wa kijiji unaopakana na msitu wa Ngorongoro, alikoishi peke yake tangu mkewe alipofariki. Alidhani ni mpira.

Kazi yake ilikuwa kufungua na kufunga maji ya kijiji. Asubuhi kitongoji cha juu, mchana kitongoji cha chini. Zamu ikiisha anafunga koki kubwa, hata kama ndoo yako imefika nusu. Kiangazi kikikaza, mtu wa kazi kama hiyo hapendwi. Siku moja alimfungia Leonce, kijana mwenye kibanda umiza, lile banda la mabati ambamo watu hubanana kwenye mabenchi kuangalia sinema za mapigano. Leonce mwenyewe ndiye aliyezitafsiri. Alikuwa akishika kipaza sauti, anazima sauti ya Wazungu na Wachina, anaweka ya kwake. Basi jioni ile adui wa sinema alipotokea na bastola mkononi, Leonce akasema, "Huyu sasa ndiye Tluway! Kaja kufunga maji!"

Watu walicheka hadi machozi. Tangu hapo sinema ibadilike isibadilike, adui akawa Tluway.

Utani haukukaa ndani ya banda. Njiani shikamoo za vijana zikapotea, badala yake akasikia, "Tluway, umefufuka? Jana si ulilipuka na gari?" Alicheka nao mwanzoni, kwa kuwa hakuelewa, na kwa kuwa ilikuwa muda mrefu hajacheka na mtu. Kisha madongo yakaanza kutua juu ya bati lake. Akina mama bombani wakawa wananyamaza akikaribia. Alifika, akafunga, akaondoka, na nyuma yake mazungumzo yakaanza upya.

Halafu siku moja ya jua kali Benson, mtoto wa Marsela, akakataa kuondoa dumu lake chini ya bomba.

"Zamu imekwisha, mwanangu," Tluway alisema.

"Leo hufungi, adui."

Aliponyoosha mkono kuishika koki, fimbo ikaushukia. Ikashuka tena, na tena, mpaka mfupa ukavunjika. Wenzake Benson walikuwa wanashangilia kama vile wamekaa mbele ya kioo cha sinema.

Wazee waliita kikao.

"Ni hizo sinema," alisema Raphaeli, mwenyekiti wa kijiji. "Mtu anashinda akiangalia watu wanachinjana, atajifunza nini? Kupalilia mbaazi?"

"Mwenyekiti, mbona mimi naziangalia?" aliuliza Angelina, mwenye duka. "Nimeona watu wakilipuliwa tangu nikiwa msichana. Na hadi leo kuku nachinjiwa na mume wangu."

"Wewe humpigi mtu, unampandishia bei ya sukari!" mtu akadakia, na kikao kikacheka.

"Babu zetu walipigana kabla umeme haujafika huku," mwingine akasema. "Nao waliona sinema gani?"

Wakabishana hadi vivuli vikarefuka. Lililobaki lilikuwa moja: Benson atengwe au asitengwe. Huko, mtu akitengwa nyumba yake yote imetengwa. Hasalimiwi, haazimwi jembe, akifiwa anachimba kaburi peke yake. Marsela, mjane, alikuwa amekaa pembeni ameinamisha kichwa, kwani adhabu hiyo ingekuwa yake pia. Lakini wazee hawamtengi mtu mpaka aliyeumizwa aseme neno lake.

"Tluway," Raphaeli akamwita. "Tunakusikiliza."

Tluway aliutazama mkono wake kwenye plasta. Neno alikuwa nalo. Alilala nalo, akaamka nalo. Alitaka Benson apite njiani watu watazame pembeni, aone inavyokuwa. Ila kulikuwa na kitu hakukijua, na kilimsumbua kuliko maumivu.

"Mimi sijawahi kuona sinema," alisema. "Nipeni hadi kesho."

Kesho yake mchana aliingia bandani amevaa koti la mvua, kofia yake ameivuta hadi usoni. Ndani kulikuwa na giza la magunia yaliyotundikwa madirishani. Alikaa mwisho wa benchi, na jambo la kwanza lililomshangaza halikuwa kwenye kioo. Lilikuwa bega. Mtu alikuwa amekaa karibu naye kiasi kwamba mabega yao yaligusana, na hakuna aliyesogea. Mkono ukaja gizani ukamwekea karanga kiganjani, hivihivi, bila hata kumtazama. Tluway alizitafuna taratibu ili zisiishe.

"Oneni, wana Karatu!" Leonce alinguruma. "Tluway kashuka kwenye gari! Koti la ngozi, kumbe kwake hata sukari hana! Anataka nini kwa bibi wa watu? Mungu wangu, kachoma nyumba!"

Nyumba iliungua. Bibi kizee alitolewa nje anaburutwa. Tluway alijivuta hadi ukingoni mwa benchi. Stelingi, yule shujaa wa sinema, alipotokea kwenye moshi, benchi zima lilisimama, naye akasimama nalo, bega kwa bega.

"Mpige! Mpige Tluway!"

"Mvunje mkono!"

Sauti hiyo ya mwisho ilikuwa nzito, ya mtu mzima, na ilitoka karibu sana. Ilikuwa yake mwenyewe.

Akakaa. Mkono ulikuwa unapwita ndani ya plasta. Kofia ilikuwa imeanguka, na yule aliyempa karanga alikuwa amegeuka anamtazama. Alikuwa Benson.

Benson alitaka kukimbia. Tluway akamshika shati kwa mkono mzima.

"Kaa. Haijaisha."

"Mzee, mimi..."

"Umenisikia nilivyosema?"

Benson akaitikia kwa kichwa.

"Nilisema avunjwe mkono. Hapa, nimekaa na watu, nimeshiba karanga zako. Na lile jina ni langu. Jioni hii nitawaambia wazee wasikutenge. Nimeishi hivyo mwaka mzima. Simtakii mtu, wala mama yako."

"Nisamehe, baba."

"Bado. Hilo litachukua muda. Lakini salamu utaipata."

Minong'ono ikatambaa. Waliokaa karibu wakasogea, wakaacha nafasi tupu kwenye benchi. Leonce aliinua macho kuona kuna nini, akamwona aliyekaa pale. Akakiweka kipaza sauti chini. Kisha akarudisha sauti ya sinema.

Kwa mara ya kwanza banda lile lilisikia sauti ya adui. Ilikuwa nyembamba, tofauti kabisa na ngurumo ya Leonce. Alikuwa ameanguka kwenye tope, mvua inamnyeshea, anazungumza haraka haraka na stelingi, na mara moja alinyoosha kidole kuelekea mlango uliokuwa na mwanamke amesimama. Hakuna aliyejua lugha ile.

"Anasema nini?" mtu akauliza kutoka nyuma.

Leonce alitikisa kichwa. Siku zote alikuwa akiyatunga tu.

"Labda anaomba," Benson alisema kwa sauti ya chini.

"Labda," Tluway akajibu.

Aliliachia shati. Benson aliutazama mlango wa banda, kisha akabaki pale pale alipokaa.