Baridi ya Gerishon

Basi la kampuni liliwarudisha walinzi wa zamu ya mchana kutoka Al Sadd saa kumi na moja jioni, kama kawaida, likawashusha nje ya lango la kambi yao katika Industrial Area, viungani mwa jiji lile la Waarabu. Mwezi wa saba maji ya bafuni hutoka kwenye tangi la juu ya paa yakiwa na moto wa kutosha kupikia chai, kwa hivyo waliozoea kambi hukinga ndoo asubuhi, wakaificha chini ya kitanda ipoe, wakaoga jioni. Owen alivua sare, akavuta ndoo yake na kuchovya kikombe. Kikombe kikagonga barafu.

Aliipasua kwa kisigino cha kiatu, kisha akatazama chumba kizima.

"Nani ameingia na baridi?"

"Ni mimi," alisema Gerishon, aliyelala kitanda cha juu yake. "Imeanza juzi nikiwa lindoni."

"Basi hama, ukae karibu na mlango. Iwafikie na wale wa koridoni."

Gerishon akahamisha godoro lake karibu na mlango.

Viyoyozi vya jengo lile vilikuwa vimekufa tangu mwezi wa tano, na kampuni ilikuwa imesema fundi yuko njiani. Fundi huyo alikuwa njiani pia kiangazi kilichotangulia, wakati Paul wa chumba cha pili, kijana wa Mumias mwenye kifua kama mlango, alipolala baada ya zamu na kukosa kuamka. Iliandikwa kwamba moyo wake ulisimama. Moyo wa kila maiti husimama, lakini hivyo ndivyo ilivyoandikwa, na mwaka uo huo kampuni ikapewa cheti cha kujali wafanyakazi wake, kikatundikwa ofisini chini ya kiyoyozi kinachofanya kazi.

Baridi ya Gerishon ilikuwa ya Timboroa, kwao. Haikuwa ile kavu ya mashine. Ilikuja na ukungu mwembamba uliotambaa sakafuni kwa urefu wa kifundo cha mguu, na harufu ya moshi wa kuni mbichi na majani ya viazi yaliyonyeshewa. Kufikia mwisho wa juma ilikuwa imejaza ghorofa nzima. Watu walitafuta blanketi walizokuja nazo kutoka nyumbani, ambazo walikuwa wameshazisahau. Wanepali wa ghorofa ya juu walishuka na magodoro yao, wakaomba nafasi kwa adabu, wakapewa.

Na wote waliolala ndani ya ukungu ule waliota Timboroa. Mganda ambaye hajawahi kukanyaga Kenya aliamka akijua njia ya mkato ya kwenda kituo cha reli. Wawili waligombana wakinywa chai kuhusu ng'ombe mwenye doa jeupe kama ni wa jirani au ni wa babake Gerishon, mpaka Gerishon mwenyewe akaamua kwamba ni wa jirani, ila hupenda kulala kwao.

Mtu pekee ambaye baridi ile haikumfikia ni Gerishon. Alilala katikati ya ukungu akitiririka jasho, kama mtu aliyeketi karibu na tanuri. Shuka lake lilikuwa likikamuliwa kila asubuhi. Usingizi ulimjia kwa vipande, na kila kipande kilikuwa hakina ndoto, kwa kuwa ndoto zake zilikuwa zimeshaotwa na wengine.

"Pole, kaka," Owen alimwambia siku moja, akijifunika mpaka kidevuni.

"Si neno. Nimebakisha kidogo tu niende likizo."

Mkataba wake ulikuwa umefikia likizo. Babake alikuwa mgonjwa, ini limevimba, na kila jioni alipiga simu kuuliza swali moja, kama mwanawe amekata tiketi. Hakuwa mzee wa maneno mengi. Alitaka amwone Gerishon, basi.

Mudir, yaani meneja wa kampuni, alipata habari, akaja kujionea. Alikaa kwenye kiti cha plastiki koridoni kwa muda wa kikombe kimoja cha kahawa, akajifunga kilemba chake shingoni, akasema "zein, zein," yaani vizuri, akaondoka. Kesho yake fundi aliyekuwa njiani akafika. Alifungua viyoyozi vyote vya jengo, akavipakia kwenye lori vikatengenezwe na kufungwa katika kambi nyingine ya kampuni, kule karibu na Al Wukair, ambako hakukuwa na Gerishon. Ukutani yakabaki matundu ya mraba, yakazibwa kwa mbao.

Ijumaa iliyofuata chama cha wakazi kilikutana kwenye ukumbi wa chakula. Chama hicho walikianzisha Wakenya, na kama vyama vyote vya Wakenya popote duniani, kilikuwa na mwenyekiti, makamu, katiba, na sala ya kufungua. Mwenyekiti alikuwa Collins, aliyewahi kuwa karani wa kata huko Ahero na ambaye hakuvumilia mkutano usiofuata taratibu. Hoja ya siku ilikuwa kwamba, kwa faida ya wote, Gerishon asiende likizo kwanza.

"Hoja imependekezwa," alisema Collins. "Nani anaiunga mkono?"

Watu walitazama meza. Hakuna aliyetaka kuwa yule aliyemfungia mwenzake. Kimya kikawa kirefu.

Sasa, Gerishon alikuwa na tabia moja ambayo kila mtu aliijua. Yeye ndiye aliyeunga mkono hoja zote za chama, tangu kuanzishwa kwake. Hoja ya kununua jiko, hoja ya kumfukuza mweka hazina, hoja ya kubadilisha siku ya mkutano na ile ya kuirudisha ilivyokuwa. Hakuwa akisikiliza. Alikuwa amegundua kwamba mkutano huisha upesi akipatikana wa kuunga mkono, naye alitaka kwenda kulala. Usiku uliopita hakuwa amelala hata kidogo, na kimya kile kilimchosha. Mkono wake ukapanda wenyewe.

"Asante, bwana Gerishon," alisema Collins. "Huo ndio utu."

Wakapiga makofi. Gerishon alishusha mkono na kuutazama.

Aliyekuja kukataa ni Lenny. Lenny wa Kayole alilinda mlango wa nyuma wa hoteli moja Al Sadd, mlango ambao hakuna anayeupitia ila wapishi na takataka. Wageni huacha vitabu vyumbani, vitabu hutupwa, na kwa miaka minne Lenny alikuwa amesoma vyote vilivyopita mlangoni pake akiwa amesimama wima, kwa sababu mlinzi haruhusiwi kuketi. Ijumaa ya pili aliomba nafasi ya kuzungumza.

"Kulikuwa na mzee mmoja Uingereza," alianza, "zamani, hata kabla hawajatufuata kule kwetu. Alisema jambo jema ni lile linaloleta raha kubwa zaidi kwa watu wengi zaidi. Nyinyi mmemfuata bila hata kumjua jina."

"Na alikosea wapi?" aliuliza Collins.

"Kwa kujumlisha. Alijumlisha watu kama magunia. Jasho la huyu moja likiingia kwa usingizi wa wale wote, halionekani tena. Halafu kukatokea mwingine, mtoto wa rafiki yake, amelelewa na hesabu hiyo hiyo mpaka ikamuumiza kichwa. Huyo akaona hatari. Akasema wengi wanaweza kumkandamiza mtu kuliko hata mfalme, maana mfalme hawezi kuingia chumbani kwako, lakini wenzako wako humo. Mtu ndiye mwenye mwili wake. Humzuii ila kama anataka kumdhuru mwingine."

"Sawa. Sasa Gerishon akienda, sisi si tutadhurika?" Collins aliongea bila hasira. "Paul alilala wapi, Lenny? Si hapo? Tangu baridi ije, kuna mtu amekosa kuamka?"

Wachache walitikisa vichwa.

"Paul aliuawa na kiyoyozi kibovu," alisema Lenny. "Kiyoyozi ni cha kampuni. Gerishon si kiyoyozi. Mtu akiacha kukubeba hajakupiga, bro. Twendeni kwa mudir tudai mashine zetu."

"Tukifika atauliza swali moja tu. Kwani huko kwenu kuna joto?"

Watu walicheka kidogo, wakiwa wamejifunika blanketi.

"Na kumbuka aliunga mkono mwenyewe," aliongeza makamu. "Kwa hiari."

"Huyo wa pili alilijibu hilo pia. Uhuru hauwezi kutumika kujiuza. Ukishajiuza, huo uhuru uko wapi wa kujivunia?"

Collins alikuna shavu. Alikuwa mtu wa haki kwa namna yake, na alipenda kujua shahidi ametoka wapi. "Huyu Mzungu wako wa pili alifanya kazi gani?"

Lenny angeweza kusema mwalimu, na hakuna ambaye angejua. Lakini alikuwa na hasira ya watu wasioweza kusema uongo.

"Aliajiriwa na kampuni," alisema. "Ile iliyotawala India."

"Na Wahindi aliwapa huo uhuru?"

"Alisema bado. Alisema ni wa watu waliokomaa."

"Kumbe naye alikuwa mudir tu," mtu alisema kutoka nyuma, na safari hii ukumbi mzima ukaangua kicheko, hata Wanepali waliokuwa wakitafsiriwa maneno.

"Alikuwa na kosa hilo, na babu zetu walililipia," alisema Lenny. "Sijalisahau. Lakini kosa lake haliwapi nyinyi haki. Napendekeza Gerishon aende kwao."

"Nani anaunga mkono?"

Gerishon aliinua mkono. Collins akatikisa kichwa kwa upole na kueleza kwamba katiba haimruhusu mwanachama kuunga mkono hoja inayomhusu. Alipoulizwa mbona juma lililopita iliruhusiwa, alisema juma lililopita hakuna aliyepinga. Hakukutokea mkono mwingine. Wakafunga kwa sala, wakamwombea babake Gerishon apone.

Asubuhi Gerishon alikwenda ofisini. Mudir alimkaribisha kwa chai, akafungua droo na kumwekea mezani pasipoti na tiketi ya Nairobi.

"Kampuni haizuii mtu," alisema. "Nchi hii sheria iko. Wewe huru. Mafi mushkila, hakuna shida. Kitu kimoja tu, ukitoka na begi, langoni wanataka kibali cha chama chenu. Hiyo si sisi. Ni nyinyi wenyewe mmeomba kujiendesha, sisi tukaheshimu."

Ilikuwa kweli. Walikuwa wameomba mwaka uliopita, baada ya Paul, na Gerishon ndiye aliyeunga mkono.

Siku ya safari alipaki begi lake mchana, wengine wakiwa kazini. Jua lilipoanza kuwa jekundu nyuma ya maghala alilivuta mpaka langoni. Ukungu ulimfuata ukitambaa juu ya lami, na lami ikatoa mvuke. Aliyekuwa zamu langoni ni Owen, aliyehamishiwa hapo juma lile.

"Kibali, kaka?"

"Sina."

Owen alitazama kizuizi cha chuma, akatazama mikono yake. "Mimi nina watoto," alisema. "Na mimi hulala kwa baridi yako. Nikifungua, kesho nitalala wapi?"

"Sijakulaumu."

"Nipige, basi. Nipige kidogo, niseme ulinishinda."

Gerishon alilifikiria hilo. Alikuwa na nguvu za kutosha. Lakini Owen alikuwa akitetemeka kwa baridi ndani ya shati la mikono mifupi, na ni vigumu kumpiga mtu anayetetemeka kwa sababu yako. Akaketi juu ya begi lake, kando ya kizuizi, asubiri labda mtu wa chama aje.

Walikuja. Basi liliwashusha wote wakamwona pale, wakaingia ndani, na ndani kulikuwa kumeshaanza kuwaka joto. Baada ya muda akatoka Mnepali mmoja na godoro kichwani, akalitandika barabarani, hatua chache kutoka kwenye begi, akalala. Kisha wawili. Kisha Collins, aliyekuja na mto, akamsalimia Gerishon kwa jina, akachagua mahali palipo sawa. Magodoro yakaenea pande zote mpaka barabara ikajaa, na lori la maji lilipofika likageuza polepole, bila honi, likatafuta njia nyingine. Hakuna aliyemgusa Gerishon. Hakuna aliyemkataza kuinuka. Ila sasa, kwa kwenda popote, ingembidi awakanyage.

Wa mwisho kutoka alikuwa Lenny. Godoro lake alilikunja kwapani, na hakuinua macho.

"Usidhani nimebadilisha msimamo," alisema, akitandika.

"Sidhani."

"Huko ndani hakuna hewa. Kifua kinabana. Lakini hii si haki, na Ijumaa nitasimama tena, nitawaambia kwamba mtu ndiye mwenye..."

Akalala kabla ya kumaliza. Punde midomo yake ikaanza kusema na ng'ombe fulani, akimfukuza kutoka shambani.

Ukungu ulikuwa mzito sasa, unafika magotini. Lenny hakuwa na blanketi, na meno yake yaligongana. Gerishon alifuta jasho machoni, akafungua begi, akatoa jaketi nzito aliyomnunulia babake, karatasi ya bei bado inaning'inia kwenye mkono wa jaketi, akamfunika Lenny nayo.

Simu ikatikisika mfukoni. Ilikuwa Timboroa. Babake alitaka kujua kama ameshapanda ndege.

"Bado kidogo, baba," alijibu, kwa sauti ya chini. "Watu wamelala."