Dole Gumba la Mama Mkwe

“Toa mkono wako kwenye beseni langu, Shemeji. Umetoka kula nyama ya kukaanga. Mafuta yakiingia humu, jeli haigandi.”

“Nimenawa.”

“Umenawa kama ulivyoandika ile karatasi yako, juu juu tu.”

Pu Shuzhen hakuinua macho. Alikuwa akipepeta kwenye ungo mbegu za jeli, zile zinazosuguliwa majini zikatoa ute, na kazi hiyo haisubiri mtu. Luo Dequan, kaka mkubwa wa mumewe na mwenyekiti wa kijiji, alikuwa amesimama uani tangu saa sita na nusu akirudia jambo lile lile: chemchemi iliyo nyuma ya nyumba imepewa kampuni ya maji ya chupa, mafundi wanakuja saa kumi, na aliyekubali ni mama yake mwenyewe, mama mkwe wa Shuzhen. Dole gumba lake lipo kwenye karatasi, jekundu, la mwezi wa saba.

“Mama tulimzika mwezi wa pili,” alisema Shuzhen. “Wewe ndiye uliyetangulia mbele ya jeneza na picha yake.”

“Na leo atakuja kusugua mbegu, au haji?”

“Atakuja.”

“Basi. Anayeweza kusugua mbegu anaweza kuweka dole gumba.”

Hoja hiyo Shuzhen hakuitarajia. Ni kweli mama mkwe alikuwa akija kila siku saa nane mchana tangu siku ya arobaini na tisa ya msiba, isipokuwa mvua ikinyesha. Wateja walishamzoea, ingawa wengine walilalamika kwamba siku hizi haitikii salamu. Jeli ya Shuzhen ilisifiwa hadi mjini, kwa sababu mikono ya marehemu haina jasho wala mafuta, na kwa sababu maji ya chemchemi ile hubaki baridi hata jua la kiangazi likiwaka vipi. Maji ya bomba alishayajaribu mara mbili, jeli ikatoka uji. Bila chemchemi angelazimika kumfuata mumewe kwenye viwanda vya Guangdong na kumwacha binti yao kwa watu, na mama mkwe angekuja kila mchana kukuta beseni kavu.

Saa nane kamili mama mkwe aliingia kwa mlango wa jikoni, amevaa koti la buluu alilozikwa nalo. Alinawa mara tatu, kama kawaida yake.

“Mama,” alisema Shuzhen, “kabla hujaanza, hebu weka dole gumba hapa.”

Alimsogezea kisahani cha wino mwekundu na ukurasa wa daftari. Mama mkwe alibonyeza wino, kisha akabonyeza karatasi. Palibaki doa la maji, la mviringo, safi. Akarudia. Doa la pili likawa kama la kwanza, na wino kwenye kisahani haukuwa umepungua.

Dequan aliinama akatazama kwa makini. Alikuwa mtu wa karatasi, na karatasi aliiheshimu.

“Linakauka,” alisema.

“Naona. Sasa lile jekundu ni la nani?”

Dequan aliingiza mkono wake wa kulia mfukoni. “Muhuri umeshapigwa wilayani, Shemeji. Si mimi wa kuufuta. Nipe bakuli basi, koo limenikauka.”

Shuzhen alimpa jeli ya asubuhi, kwa kuwa ni mkubwa wa mumewe, akaimwagia shira ya sukari guru. Karanga hakumwekea.

Kisha akatazama saa ya ukutani, akabeba begani gunia zima la mbegu, akiba ya kiangazi chote, na kwa mkono wa pili akachukua ndoo ya maji ya chokaa ya kugandishia jeli.

“Mama, leo hatusugulii hapa.”

Kidimbwi cha chemchemi kilikuwa na upana wa hatua nne, kina cha magoti. Shuzhen alivua viatu akaingia. Mama mkwe alikwisha kuingia kwa upande wa pili, na koti lake halikulowa. Waligawana mbegu kwenye vifuko vya kitambaa, wakaanza kuzisugua majini. Povu jeupe likatanda.

“Shuzhen! Mtu hagandishi chemchemi!” Dequan alipiga kelele kutoka ukingoni, bakuli mkononi. “Wenzako wanakuja na pampu!”

“Waje na vijiko.”

Walisugua mpaka gunia likaisha. Shuzhen alimimina maji ya chokaa polepole, akikoroga upande mmoja tu, kisha wote wawili wakatoka na kukaa kwenye jiwe. Kufika saa tisa na nusu kidimbwi kilikuwa kimeganda, kimeacha kutiririka.

Mafundi walifika saa kumi. Walionyesha karatasi yenye muhuri, Dequan akathibitisha kwamba ni halali, nao wakatumbukiza mpira wa pampu. Ukasimama wima. Pampu ilinguruma bila kuvuta hata tone.

Fundi mkuu aliigusa ile jeli kwa kidole, akauliza kama ni tamu.

“Bado shira,” alisema Shuzhen, akavaa viatu, akaenda kuchukua kisu cha kukatia jeli.