Ndizi Chini ya Gunia

Mjukuu wangu Lorna alikuja likizo na kitabu ambacho mwalimu wao wa biashara aliwahimiza wakisome. Jioni akanitafsiria kwa Kikisii.

"Nyanya, kinasema mtu hukimbilia kitu akiona kinakaribia kwisha. Weka chana mbili tu za ndizi mezani, zingine uzifiche."

Nilicheka, lakini asubuhi sokoni Nyakoe nikafanya hivyo hivyo. Ndizi zangu nilizifunika kwa gunia, chana mbili nikaziacha juu. Kweli zilinunuliwa mbio! Kabla sijachomoa nyingine, Bochaberi, anayeuza meza ya pili kutoka yangu, akaja amekumbatia ndizi zake.

"Mama Jasper, uza hizi. Mbona hukuniambia shamba limekukataa?"

"Lakini wewe hujauza hata moja leo!"

"Wacha maneno. Kwani jirani ni wa nini?"

Uso uliniwaka. Kitabu cha Lorna kilisema mengi juu ya wanunuzi, lakini juu ya mtu kama huyu hakikunionya. Nikashika njia ninayoijua.

"Bochaberi, kitendawili."

"Tega."

"Ghala langu limejaa, na mlangoni ninalia njaa."

Alifikiri. "Nimeshindwa. Nakupa mji, nipe jibu."

Nikainua gunia.

Alizitazama zile ndizi, akanitazama mimi. "Kumbe nilikuwa nakuonea huruma bure."

"Nisamehe, dada."

Alizikumbatia ndizi zake akarudi kwake. Mteja aliyefuata nilimwelekeza huko, na mwingine pia. Bochaberi aliwauzia, lakini upande wangu hakugeuka.