Faili Zilizopunguzwa Kazi

Mwaka ule Uhuru ulipofikisha miaka thelathini na mitano, serikali ilishikwa na homa ya kupunguza wafanyakazi. Homa yenyewe ikapanda hadi Kakamega, ikamkuta Bwana Erastus hana mtu wa kupunguza. Ofisi yake ya mbolea ilikuwa na yeye mwenyewe, na Namalwa wa kompyuta, na mlinzi. Mlinzi alikuwa shemeji yake. Sasa apunguze nani? Na Katibu wa wizara alikuwa anatoka Nairobi Ijumaa kuja kuona amepunguza wangapi.

Namalwa naye alikuwa na yake moyoni. Alikuwa ameshinda kwa hiyo kompyuta siku nenda siku rudi, akiandika programu ya kugawa mbolea kwa wakulima wa Lumakanda, ili mwenye shamba apate kabla ya mwenye jina kubwa. Katibu akiiona inafanya kazi, kompyuta ingebaki Kakamega. Asipoiona, ingepakiwa irudi Nairobi, na Namalwa arudi kwa taipu, ile ya kuruka herufi.

Alhamisi asubuhi alifika akakuta mawe ya nje yamepakwa chokaa, nyasi zimefyekwa, na Bwana Erastus amekaa kwa kiti chake Namalwa, mbele ya kompyuta, anatabasamu kama bwana harusi.

"Namalwa, msichana wangu, nimekusaidia. Hata mashine nimeifagia jana jioni."

"Umefagia wapi, Mzee?"

"Ndani! Ulijua humu kuna wafanyakazi hewa? Chumba kizima wamejazana! Nimewaita mmoja mmoja. Nabonyeza, hafunguki. Nabonyeza tena, ananiuliza nimfungue na nini. Hebu fikiria! Unamuuliza mtu kazi yake, na yeye anakuuliza wewe!"

"Umezifuta zile faili, Mzee?"

"Nimewapunguza. Na ile ndoo ya takataka ya humo ndani nikaimwaga, wasije wakarudi kupitia dirishani. Kesho nitamwambia Katibu, ofisi hii imepunguza zaidi ya ofisi zote za mkoa."

Namalwa akamwomba kiti chake, akaiamsha programu ya mbolea. Ikakohoa kidogo, ikasema kuna faili haioni, ikalala. Akafungua kitafuta-makosa, ile programu yake ya kuchungulia programu nyingine na kumwonyesha mahali zinapoumwa. Nacho kikakataa kabisa kuamka. Mgonjwa na daktari walikuwa wanakunywa kwa mtungi mmoja, na mtungi ndio huo umevunjwa.

"Mzee," akasema polepole, maana hakuwa mtu wa kupandisha sauti, "zile zilikuwa faili za pamoja. Hazifungukangi zenyewe. Programu zote zinaziazima. Ni kama zile sufuria kubwa za akina mama wa kanisa. Kwako hakuna, kwetu hakuna, lakini kukiwa na matanga sisi wote tunapikia hizo. Siku ya kawaida ukiingia stoo utazikuta zimelala tu."

"Na hizo sufuria ni za nani?"

"Za wote."

"Si umeona! Kitu cha wote hakina mwenyewe. Mimi niko serikalini tangu bendera ipandishwe, usinifundishe mambo ya vitu vya wote." Akainama kwenye kioo. "Na hiki kitafuta-makosa chako kimepata makosa mangapi?"

"Hakifunguki, Mzee. Hakioni kitu."

"Kwa hivyo hakijaona kosa."

"Hakioni chochote!"

"Basi hakuna kosa. Hiyo pia nitamwambia Katibu." Akaondoka anapiga mluzi.

Diski za kuziweka hizo faili upya zilikuwa zimerudi Nairobi na fundi aliyeleta mashine. Namalwa akashika simu, akampigia Hassan wa Ekero. Huyo walisoma naye kompyuta, na sasa alikuwa anafundisha vijana kando ya duka la baba yake, kwa mashine yenye faili zilezile. Mchana hivi akaingia na diski kwenye mfuko wa sukari.

"Asalam aleikum. Poleni sana na msiba."

"Msiba gani, Hassan?"

"Mimi najua? Vile ulikuwa unalia kwa simu, nilikaribia kuja na majani chai."

Namalwa akacheka, mara ya kwanza siku hiyo. Lakini kabla diski ya kwanza haijaingia, mkono wa Bwana Erastus ukaziba mdomo wa mashine.

"Hizo ni nini?"

"Ni zile faili, Mzee. Tunazirudisha."

"Mnaajiri? Serikali imesimamisha kuajiri! Katibu anikute jana nimewafukuza, leo nimewaandika?"

"Hawa hawataki mshahara, Mzee," Hassan akasema.

"Hiyo ndiyo mbaya zaidi! Mtu anafanya kazi bila mshahara, anakula wapi? Ujue huyo anakula kwa mlango wa nyuma."

Namalwa akaangalia ule mkono. Kesho ilikuwa inakuja, na taipu ilikuwa pale kwa kona inamngoja. Hajawahi kumdanganya mkubwa wake wa kazi. Akashusha sauti.

"Mzee, sikutaka kusema mbele ya mgeni. Hawa wametumwa na Mkubwa."

"Mkubwa gani?"

Namalwa akainua macho kwenye dari. Hassan naye akaangalia dari. Bwana Erastus akaangalia dari kwa muda, kisha akautoa mkono polepole, kama mtu aliyeguswa na jiko.

"Na mbona hamkusema tangu mwanzo?" akanong'ona. "Jana nikiwatoa... kuna aliyechukua jina langu?"

"Hawana maneno mengi, Mzee."

"Waambie yalikuwa maagizo kutoka juu. Waambie nimewakaribisha kwa moyo mweupe."

Ijumaa Katibu akaja. Namalwa akabonyeza, mashine ikanguruma, wakulima wa Lumakanda wakaanza kutoka wameandikwa kwa karatasi mmoja baada ya mwingine, wenye mashamba mbele.

"Inafanya hivi yenyewe?" Katibu akauliza.

Namalwa akafungua mdomo. "Chini ya uongozi wangu," Bwana Erastus akajibu.

"Basi ibaki hapahapa," Katibu akasema, akaharakisha kwenda kula obusuma na ingokho, ugali na kuku wa kwetu, kabla havijapoa. Namalwa akabaki ameegemea ile mashine. Ilikuwa na joto, na ilikuwa yake.

Jumatatu mlango ukabishwa. Bwana Erastus hakuwahi kubisha mlango wa Namalwa. Akaingia ameshika diski kwa mikono miwili.

"Namalwa, mama. Huyu ni Protus, kijana wa dada yangu. Yaani, ni mchezo wake wa karata aliotengeneza shuleni. Nataka umweke pamoja na wale wa Mkubwa."

"Kufanya nini, Mzee?"

"Kwani wale wanafanya nini? Akae tu. Hana haja ya kufunguliwa."

Namalwa akaona njia zote mbili. Akikataa, ataulizwa Mkubwa ni nani. Akikubali, wiki ijayo ukoo mzima utakuwa mlangoni. Akaipokea ile diski kwa heshima, akaiweka juu ya trei, akaipanga ikae sawa.

"Nimempokea, Mzee. Lakini hiyo lazima ipitie kwa kamati. Uje kesho."

Bwana Erastus, ambaye amewaambia watu hivyo tangu bendera ipandishwe, akaitikia kwa kichwa kwa unyenyekevu.

"Kesho saa ngapi?"

"Wewe njoo tu," Namalwa akamwambia, akageukia kompyuta yake.