Matabishi ya Nyumba Moja

Alhamisi, tarehe 12 Juni 2025. Asubuhi ukungu ulifunika ziwa, na baridi iliwachelewesha hata majogoo wa Nchelenge.

Kesho yake mume wangu Lackson angetia sahihi mkopo wa nyumba: kwacha elfu sitini, miaka ishirini. Riba tuliidhania kuwa matabishi, kile kiganja cha dagaa ninachomwongezea mnunuzi juu ya ndoo. Unaongeza mara moja, basi.

Jioni, katika darasa letu la watu wazima, niliomba kimoyomoyo, kisha nikamwonyesha mwalimu Chikondi malipo ya kila mwezi: kwacha elfu moja mia mbili na kumi.

"Mama Yolande, zidisha kwa miezi yote mia mbili arobaini."

Nilizidisha mara tatu, nikisali katikati. Jibu halikubadilika: elfu mia mbili tisini na mia nne.

"Karibu nyumba tano," akasema Chikondi.

"Na tutalala mu ngapi?" akauliza Lackson, aliyeketi kando yangu.

"Moja," akajibu mwalimu.

Dorica, jirani yetu wa dawati la nyuma, akamtazama Lackson kwa huruma. "Basi ine, zile nyumba nne zingine, ni matabishi kwa benki, tata. Uko na roho muzuri sana."

Darasa zima lilicheka. Mimi nilicheka hadi machozi, kwa kuwa Mungu alinifundisha kuzidisha kabla ya Ijumaa.

Lackson akasimama, bado anacheka. "Mbele ya Mungu na ninyi wote: kesho sitii sahihi. Tutachoma matofali yetu, kila mwezi tununue simenti, na nyumba moja nitailipa mara moja."