Kiti Kilichovuka Kizingiti

Katika nchi ya Muafaka, iliyopakana na Usingizi upande wa mashariki na Majuto upande wa magharibi, kukubali kulihesabiwa kuwa ibada na kukataa kuwa maradhi. Kila jimbo lilichonga kiti kimoja na kukipeleka Baraza la Ndiyo pamoja na mjumbe wa kukikalia. Viti vilipangwa duara. Mjumbe aliyepinga shauri hakufukuzwa wala hakutukanwa. Alinyanyua kiti chake akarudi nyuma hatua moja, na kiti kilichorudi nyuma hakikusogezwa mbele tena. Wahenga waliweka na sharti jingine: amri yoyote ni batili ikiwa kiti cha jimbo lolote hakimo chini ya paa. Sharti hilo lilisahauliwa, kwa kuwa hapakuwa na mkaidi aliyewahi kufika mlangoni.

Bayana, mjumbe wa jimbo la Kiu, aliingia barazani angali kijana, na kiti chake kikinukia mninga mbichi. Alipinga kodi ya vivuli, akarudi nyuma. Alipinga sheria ya kuwapigia makofi wakubwa waliolala, akarudi nyuma. Mwaka baada ya mwaka duara lilizidi kuwa mbali naye, hata akawa anayasikia mashauri kama mtu asikiavyo harusi ya jirani. Kahawa ilimfikia imepoa. Baadaye haikumfikia kabisa. Nyumbani nako walimsengenya: "Wenzake wameleta madaraja. Yeye katuletea nini? Mgongo wa kiti?"

Ikafika siku Liwali Israfu alipoitaka Chemchemi ya Tosha, maji pekee ya Kiu, ielekezwe bustanini kwake kuwaogesha tausi. Siku hiyo miguu ya nyuma ya kiti cha Bayana ilikuwa imeshagusa kizingiti.

Rairai, Mwenye Baraza, akasema kwa sauti ya asali, "Ndugu yetu, hatua moja tu inatenganisha heshima na fedheha. Nyamaza. Kunyamaza si kusema uongo."

"Mheshimiwa," Bayana akajibu, "tausi wa Liwali wana mto. Watu wa Kiu hawana. Jambo hili halihitaji ushujaa. Lahitaji macho tu."

"Basi nenda, bwana!" akadakia Fuata, mjumbe wa jimbo la Mkumbo. "Huko nje kuna upepo mwanana, na sisi tutapata pa kunyoosha miguu."

Baraza likaangua kicheko. Bayana akanyanyua kiti, akavuka.

Muhuri wa kupitisha amri ulipoinuliwa, kadhi Mizani akakohoa. "Kiti cha Kiu hakimo chini ya paa," alisema. Kicheko kikafa.

Rairai akatoka mbio. "Rudi ndani, ndugu yangu, tumekusamehe!"

"Kiti hakisogei mbele, mheshimiwa. Ndiyo desturi."

Hapo Rairai akatuma tarishi Kiu kuwaamuru wachonge kiti kipya na kuleta mjumbe mtiifu. Bayana alijua kwamba wakikubali, chemchemi imekwenda; na alijua kwamba yeye akiondoka, kiti kilichoachwa huhesabiwa kimekufa. Kwa hiyo akakaa. Mvua ikamnyea, jua likamkausha. Wapita njia waliokuwa wakimwamkia walivuka upande wa pili, wakitazama mawingu yasiyokuwapo.

Mwishowe akaja Bibi Stahamala, ametumwa na watu wa Kiu, miguu imejaa vumbi, kibuyu cha maji begani.

"Mama, kiti kiko wapi?" Rairai akauliza mlangoni.

"Si hicho hapo, baba? Kimelowa, lakini kipo."

"Mtu wenu huyu anawatia aibu!"

"Ametutia kweli. Miaka yote tulimsema, na midomo yetu imelowa maji yale yale anayotulindia."

Akakitua kibuyu miguuni pa Bayana. "Pole na kazi, mwanangu."

"Nimeshapoa, mama. Pumzika kidogo."

"Njia ni ndefu, na jua halinisubiri."

Bayana alitaka kumsihi abaki. Hakumsihi, maana Kiu ilikuwa mbali kama alivyosema. Alimtazama mpaka akawa nukta, kisha nukta ikawa njia tupu.

Mle ndani mara ikasikika sauti aliyoijua kuliko mtu yeyote Muafaka: miguu ya kiti ikikokotwa sakafuni, hatua moja, kurudi nyuma. Bayana hakugeuka. Alikunywa nusu ya maji, akakifunika kibuyu, akakisogeza upande wa mlango.